Kesi ya ngedere, hakimu nyani: msininunulishe kipimo cha paradoksi

Haya wasomaji wangu, leo nina hasira kidogo, mnivumilie.

Kuna kitu kinachouzwa siku hizi kwa mashirika yanayotumia tarakilishi kufanya maamuzi. Bado hakijapata jina moja. Wengine wanakiita kiwango cha ukinzani wa ndani, wengine faharasa ya kujirejelea, wengine wamekibandika herufi kubwa nne zisizo na maana yoyote. Ahadi ni ileile: mpe muuzaji mfumo wako, yaani programu, au masharti yako ya mkopo, au ile akili unde mliyoilipia mwaka jana, naye atakurudishia nambari moja inayosema mfumo huo umebeba paradoksi kiasi gani. Sufuri ni salama. Mia ni balaa. Ukiangukia katikati, lipia ushauri.

Mimi ni mwandishi wa programu, si mwanafalsafa, na kwa kawaida watu wakiuziana nambari mimi hupita zangu. Lakini hii inaingia katika kazi yangu, na nimeona ikitumiwa kufunga mjadala ambao ndiyo kwanza ulipaswa kuanza. Kwa hivyo niseme waziwazi: kipimo hicho kwa sura wanayokiuza hakipo na hakiwezi kuwepo, na anayekinunua amenunua mbuzi kwenye gunia. Kwa urahisi nitakiita P.

Tuelewane kwanza juu ya neno. Paradoksi ni pale ukikubali jambo unalazimika kulikana, na ukilikana unalazimika kulikubali. "Sentensi hii ni ya uongo." Ikiwa ni kweli, basi ni uongo, ikiwa ni uongo, basi ni kweli. Hii ni ya zamani, inahusishwa na Mgiriki Eubulides wa Mileto, karne ya 4 kabla ya Kristo. Sisi nasi tunasema kinyozi hajinyoi, na Bertrand Russell aliwahi kumtumia kinyozi vilevile: kinyozi wa kijiji anawanyoa wanaume wote wasiojinyoa wenyewe, na hao tu. Je, yeye anajinyoa? Akijinyoa, hapaswi kujinyoa. Asipojinyoa, inabidi ajinyoe. Jibu la kinyozi ni rahisi kuliko watu wanavyofikiri: kinyozi wa namna hiyo hayupo. Basi. Kijiji kinaendelea na shughuli zake.

Lakini Russell aliuliza swali lenye umbo hilohilo kuhusu seti: ile seti ya seti zote zisizojibeba zenyewe, je, inajibeba? Aliligundua mwaka 1901, na Juni 1902 akamwandikia barua Gottlob Frege, Mjerumani aliyekuwa ametumia miaka mingi kujenga msingi wa hisabati yote juu ya mantiki. Juzuu ya pili ya kazi ya Frege ilikuwa tayari kwa mchapishaji. Ikabidi aongeze kiambatisho cha kukiri kwamba msingi umepasuka, na kitabu kikatoka 1903 kikiwa na ufa wake ndani. Kwa kinyozi unasema "hayupo" na unaenda zako. Kwa Frege huwezi kusema seti hiyo haipo, kwa sababu kanuni zake mwenyewe zinasema lazima iwepo. Umbo ni moja, madhara ni mbingu na ardhi. P itampa kinyozi ngapi na Frege ngapi? Muuzaji anaanza kutafuta maji ya kunywa.

Sasa tuje ofisini. Fungua lahajedwali, iwe Excel au Calc ya LibreOffice. Katika Calc, kwenye kisanduku A1, andika =A1+1. Utaona Err:522. Programu imekataa. Ona pia ilichokataa kufanya: haikukwambia jedwali lako lina mzunguko wa asilimia kumi na mbili. Imesema kuna mzunguko, mwenyewe kauangalie. Huo ndio uungwana.

Je, mzunguko ni ugonjwa? Chukua kalamu ufanye hesabu ambazo programu ingefanya kama ingeruhusiwa kurudiarudia. Anza na sufuri kila mara. Kwanza, x = 10 + x/2. Utapata 10, kisha 15, kisha 17.5, na ukiendelea utakaribia 20 na kutulia hapo. Wahasibu wana mizunguko ya namna hii kila siku, mfano riba inayotegemea salio ambalo nalo linategemea riba, na hakuna aliyekufa. Pili, x = x + 1. Utapata 1, 2, 3, na hutafika popote. Tatu, x = 1 − x. Utapata 1, kisha 0, kisha 1, kisha 0, mpaka umeme upotee. Nne, x = x. Hapo ukianza na sufuri unabaki na sufuri, ukianza na saba unabaki na saba.

Ukisema 1 ni kweli na 0 ni uongo, ule mzunguko wa tatu ndio yule mwongo wa Kigiriki. Wa nne ni "sentensi hii ni ya kweli", ambayo haina ukinzani wowote lakini pia hakuna kitu duniani kinachoamua kama ni kweli au la. Mizunguko minne, yote inajirejelea, tabia nne tofauti. Kipimo kinachohesabu kujirejelea kitawapa wote alama moja, mhasibu mwema pamoja na mwongo. (Najua kuna mjanja atakayesema x = 1 − x ina jibu, ni nusu, kwa hivyo mwongo ni nusu kweli. Sawa. Basi nami naandika "sentensi hii si kweli kikamilifu". Ikiwa ni nusu kweli tu, basi inachosema ni sahihi, na imekuwa kweli kikamilifu. Karibu tena.)

Hapo muuzaji atasema: sisi hatuhesabu mizunguko kama watoto, sisi tunasoma maudhui. Ndipo ninapompeleka kwa Saul Kripke. Mwaka 1975 Kripke, mwanamantiki Mmarekani, alichapisha makala kuhusu nadharia ya ukweli, na ndani yake kuna mfano mmoja ambao peke yake unatosha kuizika P. Yeye alitumia Nixon na Watergate. Mimi nitatumia deni la duka.

Kamau na Otieno wanabishana juu ya deni. Otieno amesema mambo matano. Manne ni ya kawaida: nililipa Jumatatu, risiti ninayo, nilichukua unga mifuko miwili, sukari sikuchukua. La tano ni hili: "Anachosema Kamau kuhusu deni ni kweli." Kamau naye amesema jambo moja tu: "Zaidi ya nusu ya aliyosema Otieno ni uongo." Hakuna aliyejitaja mwenyewe. Ni maneno unayoyasikia kila siku penye watu wawili na daftari la madeni.

Tuseme katika yale manne mawili ni kweli na mawili ni uongo. Ikiwa Kamau amesema kweli, basi la tano la Otieno ni kweli, kwa hivyo Otieno ana kweli tatu na uongo mbili. Uongo haujazidi nusu, na Kamau amedanganya. Ikiwa Kamau amedanganya, la tano ni uongo, Otieno ana uongo tatu kati ya tano. Zaidi ya nusu, na Kamau amesema kweli. Paradoksi kamili, imekaa dukani!

Sasa risiti ipatikane chini ya kaunta. Jambo moja lililohesabiwa uongo linageuka kuwa kweli; yale manne yanakuwa matatu kweli na moja uongo. Rudia hesabu. Hata la tano likiwa uongo, jumla ni uongo mbili kati ya tano. Kamau amekosea, Otieno naye amekosea kumwamini, mambo yamekwisha. Paradoksi imeyeyuka, na hakuna herufi hata moja iliyobadilika katika maneno yao. Kilichobadilika ni karatasi chini ya kaunta.

Maana yake ni kwamba paradoksi haikai ndani ya maneno kama chumvi ndani ya mchuzi. Inategemea dunia ilivyo. Unaweza kusoma msimbo wote, masharti yote, sera yote, na usiweze kusema kama kuna paradoksi, kwa sababu inasubiri data ya Jumanne ijayo. P inayosoma maandishi haiwezi kuiona. P inayotaka kuiona lazima iijue dunia nzima, na hapo ningeomba iniambie pia bei ya mafuta mwezi ujao.

Tuseme muuzaji ni mkaidi. Anasema tuachane na maduka, tuzungumzie programu tu, maana programu ziko ndani ya mashine na mashine tunaijua. Vizuri, huku ndiko nyumbani kwangu. Tuipunguzie P kazi kabisa. Isipime paradoksi, ipime jambo dogo: programu itakayozunguka milele ipewe alama 50 kwenda juu, programu itakayosimama yenyewe ipewe chini ya 50. Tu. Mimi nitaandika hii:

programu MKAIDI
soma msimbo wa MKAIDI
kama P(msimbo wa MKAIDI) ni chini ya 50, zunguka milele
la sivyo, simama

Programu inaweza kujisoma? Inaweza, na si uchawi. Zipo programu fupi zinazojichapa zenyewe neno kwa neno bila kufungua faili lolote, ni mchezo wa watoto wa chuo, na Stephen Kleene alishaonyesha mwaka 1938 kwa nini hilo linawezekana daima. Sasa P ikisema alama ni ndogo, yaani "hii itasimama", MKAIDI inazunguka milele. P ikisema alama ni kubwa, MKAIDI inasimama palepale na kuaga. P imekosea kote kuwili. Njia pekee ya kutokosea ni P isijibu kamwe, na kipimo kisichojibu kinaitwa pambo.

Hoja hii si yangu. Ni ya Alan Turing, aliyeiwasilisha mwaka 1936 akiwa na miaka 23, kabla tarakilishi tunazozijua hazijajengwa. Mwaka 1953 Henry Gordon Rice akaipanua: chukua sifa yoyote ya tabia ya programu, mradi programu nyingine ziwe nayo na nyingine zisiwe nayo, hakuna njia moja ya kuiamua kwa programu zote. Si kwamba bado hatujapata njia. Haipo. Na P ya muuzaji inadai kupima kitu kigumu kuliko hiki.

Kuna waliojaribu kuipitisha mlango wa nyuma kwa kusema P inapima uchangamano, yaani urefu wa maelezo mafupi kabisa ya kitu. Huko nako kuna mlinzi. G. G. Berry, aliyefanya kazi katika maktaba ya Bodleian huko Oxford, ndiye aliyempa Russell wazo ambalo kwa Kiswahili linakuja vizuri sana: "Nambari ndogo kabisa isiyoweza kutajwa kwa maneno yasiyozidi kumi." Hesabu maneno hayo. Ni tisa! Nimeitaja nambari isiyotajika, na nimebakiza neno moja mfukoni. Chezo hilohilo, likiandikwa kwa lugha ya programu, ndilo linalothibitisha kwamba hakuna mashine inayoweza kukokotoa urefu wa maelezo mafupi kabisa ya kila kitu. Kipimo cha uchangamano kimeliwa na paradoksi iliyokusudiwa kupimwa.

Nina deni la kujibu hoja mbili, kwa sababu wapo watu wenye akili wanaoipenda P na si wote ni wachuuzi.

Hoja ya kwanza: joto nalo zamani lilikuwa hisia tu, watu wakasema halipimiki, kisha kipimajoto kikaja. Kwa nini paradoksi isifuate njia hiyo? Kwa sababu uji hausomi kipimajoto. Ukitia kipimajoto kwenye sufuria, uji hauamui kupoa ili kukuaibisha. Mfumo unaojirejelea unaweza kukisoma kipimo na kufanya kinyume chake, kama MKAIDI.

Isitoshe, wapo wanasayansi waliopima kweli, kwa uaminifu, ugumu wa matatizo haya, na walichokuta hakifanani na rula hata kidogo. Mwaka 1944 Emil Post alianza kupanga matatizo kwa madaraja: tatizo hili ni gumu kuliko lile ikiwa ukijibiwa hili unaweza kutatua lile, lakini si kinyume chake. Unaweza kudhani utapata ngazi nzuri, moja juu ya nyingine. Kisha Albert Muchnik katika Umoja wa Kisovieti mwaka 1956 na Richard Friedberg wa Marekani mwaka 1957, kila mmoja kwa upande wake, wakaonyesha matatizo mawili ambayo ukipewa mashine ya miujiza inayojibu la kwanza bado hutalitatua la pili, na ukipewa inayojibu la pili bado la kwanza litakushinda. Hakuna lililo juu, hakuna lililo chini, wala hayalingani. Ni kama kuuliza kati ya kilo tatu na saa mbili kipi ni kikubwa. Mtu anayeyapanga hayo kwenye mstari kutoka 0 hadi 100 ameshadanganya kabla hajaandika nambari ya kwanza.

Hoja ya pili ni nzito zaidi na naiheshimu. Inasema: hakuna kipimo kamili cha virusi vya tarakilishi pia (ni kweli, Fred Cohen alithibitisha hivyo miaka ya 1980), lakini kila mtu ana programu ya kuzuia virusi na inasaidia. Kwa nini P isiwe ya kukadiria tu?

Jibu langu ni kwamba zana za kukadiria zilizo za uungwana zina majibu matatu: ndiyo, hapana, na sijui. Rocq, ile iliyokuwa ikiitwa Coq, ukiiletea programu inayojiita yenyewe itakagua kama kila mwito unapungua kuelekea mwisho. Ikiona unapungua, inakubali. Isipoona inakataa, hata kama programu ni njema, na mara nyingi huwa ni njema! Nimeitukana mara nyingi kwa hilo. Lakini haijawahi kuniambia programu yangu iko salama kwa asilimia 97. Inasema "sijaridhika", na mimi najua kazi ni yangu. Nambari ya P haina mahali pa kuandika sijui. Ujinga wote wa kipimo unasagwa pamoja na ujuzi wake, unga unatoka mmoja, mweupe, unapendeza machoni pa wakurugenzi. Thomas McCabe alitupa mwaka 1976 hesabu ya njia zilizomo ndani ya programu, kitu cha maana chenye mipaka iliyo wazi, na bado kuna mameneja wanaoitumia kusema nani ni mwandishi bora wa programu. Sembuse hii isiyo na mipaka.

Sasa kwa nini nina hasira. Kuna sacco moja, sitaitaja, iliyonialika kuangalia mfumo wake. Ombi la mkopo linakwenda kwa modeli ya lugha, modeli inaamua na kuandika sababu. Nakala ya pili ya modeli ileile inasoma sababu na kusema kama ni ya haki. Mwanachama akilalamika, lalamiko linasomwa na nakala ya tatu, inayoangalia kama ya pili ilifanya kazi yake. Juu ya yote imewekwa P, na P ilitoa alama 3 kati ya 100. Tatu! Kwa nguvu ya hiyo tatu, kulikuwa na pendekezo la kuisimamisha kamati ya mikopo iliyokuwa ikikutana kila wiki.

Nikaomba mafaili. Mojawapo ni la mama mmoja muuza nguo, mwenye mikopo mitatu aliyoilipa yote. Amekataliwa kwa sababu "mapato hayana mpangilio". Nakala ya pili: sababu inalingana na sera. Nakala ya tatu: utaratibu ulifuatwa. Hakuna ukinzani popote, P imesema kweli tupu. Wote wamekubaliana, kwa sababu wote ni mmoja. Wahenga walishaonya kuhusu kesi ya ngedere kupelekwa kwa nyani, lakini hapa hata nyani hayupo, ni ngedere watatu. Na si mzaha wangu tu: utafiti wa 2024 uliojaribu modeli kubwa kama GPT-4 na Llama 2 ulionyesha kwamba modeli hizi zinaweza kwa kiasi fulani kuyatambua maandishi yao wenyewe, na kwamba kadiri zinavyoyatambua ndivyo zinavyoyapendelea zikifanywa mahakimu.

Kurt Gödel alionyesha mwaka 1931 kwamba mfumo wa kanuni wenye nguvu ya kutosha kufanya hesabu, kama hauna ukinzani, hauwezi kuthibitisha kwa nguvu zake wenyewe kwamba hauna ukinzani. Watu hukariri hiyo wakaishia hapo. Upande wa pili ndio mtamu: mfumo ulio na ukinzani unaweza. Ukishakuwa na ukinzani mmoja ndani, kwa mantiki ya kawaida unathibitisha chochote unachotaka, pamoja na kauli "mimi ni msafi". Kwa hivyo cheti cha usafi ambacho mfumo umejiandikia wenyewe hakitenganishi msafi na mchafu. Gerhard Gentzen alipokuja kuthibitisha mwaka 1936 kwamba hesabu za kawaida hazina ukinzani, ilibidi atumie hatua ambayo hesabu hizo zenyewe haziwezi kuichukua. Alisimama nje.

Waandishi wa programu tunalo funzo letu wenyewe. Mwaka 1984 Ken Thompson, mmoja wa waliounda Unix, alichapisha hotuba yake ya Tuzo ya Turing. Alieleza jinsi ya kuificha hila ndani ya kompaila, ile programu inayogeuza msimbo kuwa lugha ya mashine. Kompaila hiyo ikitengeneza programu ya kuingilia kwenye mfumo, inapachika mlango wa siri. Ikitengeneza kompaila mpya, inapachika hila yote upya. Kisha unafuta hila kwenye msimbo. Msimbo sasa ni safi, usome usiku kucha, hutaona kitu. Hila inaishi ndani ya mzunguko: kompaila inayojitengeneza yenyewe. P ikisoma msimbo huo itatoa sufuri, na itakuwa imekusaidia kuibiwa.

Dawa ilipatikana, na si nambari. David A. Wheeler alieleza mwaka 2005, na kwa kirefu katika tasnifu yake ya 2009, kwamba utafute kompaila ya pili, isiyotoka ukoo ule, uitumie kujenga ile unayoishuku kutoka msimbo wake, kisha hiyo mpya ijenge tena msimbo uleule, na matokeo uyalinganishe biti kwa biti na ile ya kwanza. Watu wa mradi wa Guix wakaja na njia nyingine, na mwaka 2023 wakatangaza kwamba wanaweza kujenga mfumo wao wote kuanzia mbegu ya baiti 357, ndogo kiasi cha mtu kuikagua kwa macho yake. Hao hawakupima mzunguko. Waliukata, au walileta shahidi wa nje.

Kwa sacco ile shahidi wa nje alikuwa tayari yupo na analipwa posho: kamati ya mikopo. Sheria ya Kulinda Data ya Kenya ya mwaka 2019, kifungu cha 35, inampa mtu haki ya kutoamuliwa na mashine peke yake katika jambo linalomgusa kwa uzito, isipokuwa pale panapoingia mkataba, sheria nyingine au ridhaa yake. Na hata hapo anaweza kuomba uamuzi ufikiriwe upya, au utolewe mpya usiotegemea mashine pekee. Nakala ya tatu ya modeli ileile si "upya" kwa lugha yoyote ninayoijua. Niliwaandikia hivyo, na nikawaomba mafaili arobaini yaliyokataliwa yasomwe na wanakamati ambao hawajaonyeshwa mashine ilisema nini. Wakitofautiana na mashine, hapo ndipo tutakuwa na la kuzungumza, na nitafurahi zaidi wakitofautiana wao kwa wao. Yule mama wa nguo awe wa kwanza.

Nawe ukiletewa P ofisini kwako, usibishane juu ya alama. Uliza imehesabiwa na nani, na kama huyo ni ndugu wa anayepimwa. Uliza wapi imeandikwa "sijui". Omba msimbo wake, kisha mpe MKAIDI usubiri alama. Mistari minne iko hapo juu, ni programu huria, nakili bila kuniuliza.